Margaret Booth, Mkata Filamu wa Hollywood

Watu wakitoka sinema humzungumza stelingi, na wachache humtaja mwongozaji. Yule aliyekaa chumbani miezi kadhaa akichagua vipande vya filamu na kuviunga hatajwi kabisa. Ndiyo maana naona historia ya Margaret Booth yafaa isomwe na vijana wetu walioko shuleni.

Booth alizaliwa Los Angeles, Marekani, mwaka 1898. Mwaka 1915 kaka yake Elmer, aliyepata kuigiza katika filamu za D. W. Griffith, alifariki katika ajali ya gari. Binti huyo, akiwa ametoka tu sekondari, akaajiriwa na Griffith kuunga vipande vya filamu. Siku zile pembeni mwa utepe hapakuwa na namba za kumwongoza mtu. Ilimbidi alinganishe utepe na utepe kwa macho yake, picha moja baada ya nyingine.

Baadaye alihamia studio ya Louis B. Mayer, akawa msaidizi wa mwongozaji John M. Stahl. Mchana alifanya alilotumwa. Usiku alichukua vipande vilivyokataliwa, akajifunza kuvipanga mwenyewe. Ikatokea Stahl akashindwa kuliweka sawa tukio fulani. Alipoona Booth alivyolipanga, akalitia katika filamu yake. Hakungoja kupandishwa cheo ndipo ajifunze kazi ya cheo hicho.

Mwaka 1924 studio hiyo iliungana na nyingine, ikazaliwa Metro-Goldwyn-Mayer. Huko Booth alihariri Mutiny on the Bounty (1935), akateuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Tangu 1939 hadi 1968 alikuwa msimamizi wa wahariri wa studio. Filamu nyingi zilipita mikononi mwake bila jina lake kuandikwa.

Sisi tulio serikalini twaijua hali hiyo. Ofisa huandika dokezo, likapanda na jalada hadi juu, kisha likatoka kama waraka wenye sahihi ya mkubwa. Lakini asidhani mtu kwamba mhariri ni wa kunakili tu. Yeye ndiye huamua tuone uso upi, kwa muda gani, na kipi kitupwe. Jina lake halionekani, bali akikata vibaya kazi ya wote huharibika.

Mwaka 1978, akiwa na miaka 80, alipewa Oscar ya heshima. Alifariki mwaka 2002, akiwa na miaka 104.

Sifa hiyo ilikuja miaka 63 baada ya kuanza kazi. Sisemi kuchelewa huko ni haki. Vijana, fanyeni kazi vema hata pasipo anayewatazama. Nasi wa zamani, tukikutana na kuwataja wenzetu waliopata vyeo, tuwataje pia wapishi, walinzi na makarani wa shule yetu, wangali hai wakasikia.