Mazda: Ukoo wa Mvuvi, Mungu wa Uajemi na Taa ya Marekani

Wajapani hawasemi "Mazda". Karani wa kiwandani Hiroshima, dereva wa teksi na mtoto wa shule wote hutamka "Matsuda", na kampuni yenyewe inapojiandika kwa herufi za katakana huandika silabi tatu: ma, tsu, da. Herufi tano za Kilatini zinazosomeka nyuma ya gari dogo la Demio kwenye foleni za Nairobi na Dar es Salaam ziliwekwa kwa ajili ya macho ya walimwengu. Gari ni moja, majina mawili, na jina hilo lina wadai watatu: ukoo wa mvuvi wa Hiroshima, mungu wa Uajemi ya kale, na kampuni ya taa za umeme ya Marekani.

Mvuvi atangulie, maana ndiye aliyekuwa na mtoto. Jujiro Matsuda alizaliwa tarehe 6 Agosti 1875 katika kijiji cha pwani karibu na Hiroshima, mtoto wa kumi na mbili katika nyumba yao. Baba yake alifariki yeye akiwa mdogo sana. Kijana hakurithi mtumbwi wala nyavu. Alikwenda Osaka kujifunza uhunzi, na huko akageuka kuwa fundi wa kubuni mashine. Mwaka 1906 alitoa pampu iliyoitwa kwa jina lake, pampu ya Matsuda. Kwa hiyo jina la ukoo huu lilikwisha kuuzwa sokoni miaka 25 kabla ya gari la kwanza, jambo ambalo wapenzi wa hadithi ya mungu wa Uajemi husahau kulitaja.

Biashara iliyozaa magari haikuanza na magari. Januari 1920 iliundwa Hiroshima kampuni ya Toyo Cork Kogyo, na kazi yake ilikuwa kuchakata gome la mti: vizibo na mbao nyepesi za kuzuia joto na unyevu. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza gome la kutoka nchi za Mediterania lilikuwa haba, Wajapani wakageukia miti ya kwao. Vita vilipokwisha, gome la ng'ambo likarudi na bei zikaanguka. Matsuda, aliyeshika uongozi mwaka 1921, alijikuta na kampuni iliyochelewa kufika sokoni. Kisha Desemba 1925 moto ukaunguza kiwanda. Wengine wangefunga duka. Yeye alirudi kwenye chuma alichokijua tangu ujana. Mwaka 1927 neno "Cork" likaondolewa, ikabaki Toyo Kogyo, yaani Viwanda vya Mashariki, na mitambo mipya ikaanza kukereza vyuma.

Chombo cha kwanza kilichobeba jina la Mazda kilitoka kiwandani mwaka 1931, nacho hakikuwa gari la kutembelea. Kilikuwa na matairi matatu, usukani wa pikipiki mbele na bodi ya mizigo nyuma. Anayejua guta la injini la mitaa ya Dar es Salaam hahitaji maelezo zaidi. Kiliitwa Mazda-Go. Wauza samaki, wauza mchele na mafundi wa mbao walikipenda kwa sababu kilipenya kwenye vichochoro ambako lori halipiti, na bei yake haikumfilisi mtu. Toyo Kogyo hawakuwa na mtandao wa kuuzia, hivyo kazi hiyo waliwapa Mitsubishi, na kwa muda tangi la mafuta lilibeba neno Mazda juu ya almasi tatu za Mitsubishi. Mwaka 1936 msafara wa vyombo hivi ulitoka Kagoshima, kusini kabisa mwa Kyushu, hadi Tokyo, safari ya takriban kilomita 2,700, ili wanunuzi waone kwamba matairi matatu yanatosha.

Sasa, kwa nini Mazda, na si Matsuda kama ile pampu?

Maelezo rasmi ya kampuni yana sehemu mbili zinazosemwa kwa pumzi moja. Ya kwanza ni kwamba jina linatokana na Ahura Mazda, mungu wa hekima, akili na upatanifu wa watu wa kale wa Asia Magharibi, na kwamba waanzilishi waliona katika jina hilo ishara ya chimbuko la ustaarabu wa Mashariki na Magharibi pamoja na ustaarabu wa magari. Ya pili, inayoongezwa kwa adabu ya Kijapani, ni kwamba linafanana pia na jina la Bwana Matsuda. Mpangilio huo ni wa ujanja mzuri. Mtu huitaja kwanza heshima iliyo mbali, halafu ya nyumbani kwake kana kwamba imetokea tu kwa bahati.

Ahura Mazda si mungu wa kubuniwa na watangazaji. Ndiye Mola Mwenye Hekima katika mafundisho ya Zoroasta na katika Avesta, maandiko matakatifu ya dini hiyo. Mfalme Dario I wa Uajemi alipochonga habari za ushindi wake kwenye mwamba wa Behistun, karibu miaka 520 kabla ya Kristo, alirudia tena na tena kwamba ufalme alipewa na Ahura Mazda. Moto na mwanga ni alama za ibada yake, na kwa sababu hiyo jina lake lilivutia wafanyabiashara wa mwanga mapema kuliko wafanyabiashara wa magari.

Hapo ndipo Marekani inapoingia. Mwaka 1909 kampuni ya General Electric ilisajili Mazda kuwa alama ya biashara ya taa zake za umeme, zile zenye waya wa tangsteni zilizokuja kuzika taa za waya wa kaboni. Haki ya kulitumia jina hilo ikagawiwa kwa leseni kwa kampuni nyingine, Uingereza ikiwa mojawapo ya nchi zilizonufaika. Japani mshirika alikuwa Tokyo Denki, kampuni ambayo mwaka 1939 iliungana na Shibaura kuunda ile inayojulikana leo kama Toshiba. Tokyo Denki waliuza taa za Mazda kwa wateja wa Japani, na kwenye matangazo waliandika jina hilo kwa katakana zilezile: ma, tsu, da.

Jambo hili lingestahili nafasi kubwa zaidi katika simulizi za kampuni ya Hiroshima, lakini kwa kawaida halimo. Kabla Mazda-Go haijatembea barabarani, Mjapani wa mjini alikuwa amekwisha kulisoma neno hilo dukani akinunua taa, na alikuwa amekwisha kulihusisha na umeme, usasa na bidhaa isiyozimika haraka. Hakuna sababu ya kumtuhumu Jujiro Matsuda kwamba aliiba jina la mtu. Lilikuwa jina la baba yake. Lakini fundi aliyeishi na kufanya biashara katika nchi hiyohiyo hakuweza kutojua kwamba jina la ukoo wake, likiandikwa kwa namna fulani, lilikuwa tayari linang'aa madukani.

Jina la Ahura Mazda si geni pia kwa Waswahili, ingawa wachache wanaolihusisha na gari. Waparsi, wafuasi wa Zoroasta ambao mababu zao walihama Uajemi wakaishi India, walifika Zanzibar wakafanya kazi za ofisini na biashara. Katika jamii hiyo alizaliwa Farrokh Bulsara, Septemba 1946, mjini Unguja. Dunia ilikuja kumjua kwa jina la Freddie Mercury, mwimbaji wa kundi la Queen. Familia yake iliondoka baada ya Mapinduzi ya 1964. Alipofariki London Novemba 1991, mazishi yake yaliongozwa kwa ibada ya Kizoroasta. Watu wa Makunduchi nao bado huadhimisha Mwaka Kogwa, mwaka mpya wenye asili ya Nairuzi ya Waajemi. Hisabu ya siku za Uajemi iliingia pwani hii karne nyingi kabla ya meli ya kwanza kushusha gari lolote.

Nchini Japani, mwaka 1945 ulikaribia kulifuta jina hilo kabla halijatoka nje ya visiwa. Wakati wa vita kiwanda cha Toyo Kogyo kilikuwa kimegeuzwa kutengeneza bunduki za jeshi. Asubuhi ya tarehe 6 Agosti Marekani iliangusha bomu la atomiki juu ya Hiroshima. Siku hiyo Jujiro Matsuda alikuwa anatimiza miaka 70. Kiwanda kilikuwa kilomita chache mashariki mwa kitovu cha mlipuko, na kilima cha Hijiyama kilichosimama katikati kilikinga sehemu kubwa ya nguvu yake. Wafanyakazi waliokuwa mjini asubuhi hiyo hawakuwa na kilima cha kuwakinga. Majengo ya kiwanda yalikuwa miongoni mwa machache makubwa yaliyosalia wima, hivyo ofisi za serikali ya mkoa zikahamia humo, na zilikaa hadi mwaka uliofuata. Desemba 1945, miezi minne baada ya bomu, Mazda-Go zilianza tena kutoka. Mji uliohitaji kubeba vifusi, mbao na chakula ulipata chombo cha kubebea, na pengine hakuna wakati mwingine ambapo jina hili lilikuwa na manufaa kuliko hapo.

Jujiro alifariki mwaka 1952, uongozi ukiwa tayari mikononi mwa mwanawe, Tsuneji Matsuda. Gari la kwanza la abiria, R360 Coupe, lilitoka mwaka 1960. Mwaka uliofuata Tsuneji alitia saini mkataba na kampuni ya NSU ya Ujerumani ili kutengeneza injini aliyoibuni Felix Wankel, ambamo badala ya pistoni kupanda na kushuka, rota ya pembe tatu huzunguka ndani ya chumba chake. Kenichi Yamamoto na wahandisi wenzake walihangaika kwa miaka na mikwaruzo iliyojichora kwenye kuta za injini hiyo. Mafundi waliiita kucha za shetani. Kwamba shetani alipatikana ndani ya injini yenye jina la mungu wa hekima ni mzaha ambao Wazoroasta wangeuelewa upesi. Mwaka 1967 Cosmo Sport iliingia barabarani na kucha hizo zikiwa zimekatwa.

Injini ya rota ilileta sifa, ikaleta na kiu ya petroli. Bei ya mafuta ilipopanda ghafla mwaka 1973, wanunuzi wakakimbia, na benki ya Sumitomo ikalazimika kuingia kuiokoa kampuni. Kohei Matsuda, mwana wa Tsuneji aliyeongoza tangu 1970, aliachia kiti mwaka 1977. Miaka miwili baadaye Ford ya Marekani ikanunua karibu robo ya hisa. Hapo panaonekana kichekesho kikubwa cha historia hii: mwaka 1984, watu wa ukoo walipokuwa hawaongozi tena, ndipo kampuni ilipoacha jina la Toyo Kogyo na kujisajili rasmi kuwa Mazda. Kwa zaidi ya miaka hamsini Mazda ilikuwa jina la bidhaa. Sasa likawa jina la nyumba nzima, na kwa Kijapani likatamkwa kama jina la familia iliyokwisha kutoka.

Yule mungu naye hakusahauliwa. Mwaka 1991 gari la Mazda 787B lilishinda mashindano ya saa 24 ya Le Mans nchini Ufaransa, gari la kwanza la Japani kufanya hivyo, likiendeshwa kwa injini ya rota. Mwaka huohuo kampuni ilitoa nembo mpya yenye umbo la jua na mwali wa moto ndani ya duara. Moto wa Zoroasta ulikuwa umefika kwenye boneti. Bahati mbaya nembo hiyo ilifanana mno na almasi ya Renault, ikabidi ilainishwe haraka kwenye pembe zake.

Afrika Mashariki jina limefika kwa milango miwili. Magari mapya ya miaka ya nyuma yaliitwa kwa namba, kama Mazda 323, kwa kuwa yalitengenezwa kwa soko la nje. Magari yaliyotumika Japani yanayoshushwa Mombasa na Dar es Salaam huja na majina ya kwao: lile lile la 323 huitwa Familia, na dogo lake huitwa Demio, jina lililokopwa kwenye Kihispania kwa maana ya "langu mwenyewe". Kwa kuwa Japani huendesha kushoto kama Kenya na Tanzania, gari halihitaji kubadilishwa usukani, wala jina.

Kati ya wadai watatu, ukoo ndio wenye hoja nzito zaidi. Taa za Mazda za General Electric zilikoma kutangazwa mwaka 1945, na mungu wa Uajemi hajawahi kuandikwa kwenye hati yoyote ya umiliki. Akina Matsuda walipoteza uongozi wa kampuni lakini hawakuondoka mjini. Timu ya besiboli ya Hiroshima bado imo mikononi mwa familia hiyo, na tangu 1968 inaitwa Hiroshima Toyo Carp, ikiwa imebeba lile neno "Toyo" ambalo kampuni ya magari ililiacha.