Miujiza ya Yesu Kizimbani

Mwaka 1670 kilichapishwa Amsterdam, bila jina la mwandishi na kwa anwani ya uongo ya Hamburg, kitabu cha Kilatini ambamo Baruch Spinoza alidai kwamba hakuna tukio liwezalo kuvunja kanuni za maumbile, kwa kuwa kanuni hizo ndizo amri za Mungu mwenyewe. Kilipigwa marufuku Uholanzi mwaka 1674, lakini hoja yake haikuzuilika, na nchini Uingereza suala la miujiza lilifika hadi mahakamani.

Aliyeshtakiwa huko, Thomas Woolston, alikuwa msomi wa Cambridge aliyezama katika maandishi ya Origen, mwalimu wa Kanisa wa karne ya 3 aliyefundisha kwamba nyuma ya maana ya dhahiri ya Maandiko imo maana ya fumbo. Kati ya 1727 na 1729 Woolston alitoa vijitabu sita kuhusu miujiza ya Yesu, akivitabaruku kwa maaskofu kwa heshima iliyojaa kejeli. Nguruwe wale walioporomokea ziwani, aliuliza, walifugwaje katika nchi ya watu walioharamishiwa nyama hiyo, na mwenye kundi alifidiwa na nani? Mtini ulilaaniwa kwa kosa gani, ilhali Injili ya Marko yenyewe yasema haukuwa msimu wa tini? Na waliombeba mwenye kupooza, mbona hawakungoja umati utawanyike, wakaamua kutoboa dari ya watu? Kwake, visa hivyo vikichukuliwa kuwa historia ni upuuzi mtupu, ila vikisomwa kama mafumbo ya kazi ya Kristo rohoni vina maana; dai ambalo wapinzani wake hawakulisadiki, na si ajabu, maana katika kurasa zake dhihaka imeizidi mno ibada.

Machi 1729 alihukumiwa kwa kosa la kufuru, yaani kuyatukana mambo matakatifu, mbele ya Jaji Mkuu Robert Raymond, aliyeshikilia kwamba Ukristo ni sehemu ya sheria ya nchi, hivyo anayeushambulia katika mizizi yake anaishambulia dola. Alitozwa pauni 25 kwa kila kimoja cha vijitabu vinne, akafungwa mwaka mmoja, akatakiwa pia kuweka dhamana ya mwenendo mwema kwa maisha yake yote. Hakuimudu, akafariki mwaka 1733 angali chini ya kifungo.

Askofu Thomas Sherlock alimjibu kwa kitabu cha mwaka huohuo wa 1729, ambamo mitume wanashtakiwa kwa kutoa ushahidi wa uongo juu ya ufufuko, mawakili wanahojiana, na hatimaye mitume wanaachiliwa huru. Kitabu hicho kilipendwa sana, ingawa kwa kukubali kuipima imani kwa kanuni za ushahidi, Sherlock aliwapa wapinzani uwanja waliouhitaji. Mwaka 1748, mwaka uleule ambao Sherlock aliteuliwa kuwa Askofu wa London, David Hume alichapisha insha iliyoshikilia kwamba ushuhuda wa muujiza hautoshi, isipokuwa uongo wa ushuhuda huo ungekuwa muujiza mkubwa zaidi.