Waimbaji wa kike katika muziki wa Kipashto

Waimbaji wa kike wa Kipashto ni wanawake wanaoimba muziki wa Wapashtuni, hasa nchini Afghanistan na kaskazini-magharibi mwa Pakistan. Beti fupi za mistari miwili ziitwazo *landay* hutungwa zaidi na wanawake. Hata hivyo, mwanamke anayeimba hadharani kwa malipo huonekana ameiaibisha familia yake. Zarsanga na Naghma ni miongoni mwa waliovuka kizuizi hicho wakapata umaarufu mkubwa.

Hatari mbaya zaidi mara nyingi imetoka kwa watu wa karibu. Mwimbaji Ayman Udas aliuawa mjini Peshawar, Pakistan, mwaka 2009, na ndugu zake wakashukiwa. Mwimbaji mwingine, Ghazala Javed, aliyekimbia bonde la Swat nchini humo wakati wa utawala wa Taliban huko, alipigwa risasi Peshawar Juni 2012 pamoja na baba yake. Polisi walimtuhumu aliyekuwa mumewe.

Mamlaka nazo zimebana sanaa hiyo. Serikali ya jimbo ya vyama vya kidini iliyoingia madarakani Peshawar mwaka 2002 ilifunga ukumbi wa maonyesho wa Nishtar mjini humo. Nchini Afghanistan, Taliban waliporejea mwaka 2021 wanamuziki wengi walihama, na sheria yao ya Agosti 2024 inakataza sauti ya mwanamke kusikika ikiimba hadharani.