Filamu za Vugiri: Maisha ya Kila Siku kwa Jicho la Nani?

Mwanafunzi wa fasihi hufunzwa kumuuliza msimulizi amesimama wapi. Aghalabu swali hilo halielekezwi kwa filamu zinazodai kuonyesha maisha halisi. Makala haya yanalielekeza kwa filamu zilizotengenezwa Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika, kati ya mwaka 1935 na 1937.

Mradi huo uliongozwa na L. A. Notcutt, aliyewahi kuwa meneja wa mashamba ya mkonge, pamoja na G. C. Latham aliyesimamia masuala ya elimu. Ufadhili ulitoka hasa kwa Shirika la Carnegie la Marekani. Zilitengenezwa filamu zipatazo 35, zikaonyeshwa sehemu mbalimbali za Afrika Mashariki na ya Kati. Waigizaji walikuwa Waafrika. Maelezo yalitoka kwenye santuri iliyochezwa sambamba na picha, kwa Kiswahili na lugha nyingine.

Mojawapo ilihusu akiba ya posta. Vibarua wawili wanalipwa mshahara. Mmoja anaweka fedha zake posta. Mwenzake anazifukia ardhini, mwizi anaziiba. Kimuundo, hii ni ngano: wahusika wawili kinzani, kosa, adhabu na funzo.

Nilipowasimulia wanafunzi wangu hapa Funzi kisa hicho, mmoja wao, mtoto wa mvuvi, aliuliza: "Mwalimu, na hiyo posta ilikuwa wapi?" Darasa zima lilicheka. Hata hivyo, swali lile ndilo uhakiki wenyewe. Mkazi wa kisiwa anajua kuwa kila huduma ina safari yake: kungoja maji, kuvuka, kisha kutafuta gari. Kisa kinamtwika kibarua lawama yote; umbali wa posta na uchache wa ujira havina nafasi katika msuko wake.

Je, tuzitupe filamu hizi? La hasha. Chache zimehifadhiwa Uingereza, zikiwemo ile ya wakulima wa Kingolwira, karibu na Morogoro, na ile ya ugonjwa wa safura. Humo mna nyuso na kazi za watu wa enzi hiyo.

Kwa hivyo, mtahiniwa aulize mambo matatu: nani ameshika kamera, nani anasema, na nini kimeachwa nje ya picha? La tatu ndilo gumu zaidi. Huenda mtoto wa mvuvi akalijibu kabla ya mwalimu wake.