Nusu Siku Katika Mji wa Tunduma na Nchi ya Mbozi

Watu wapitao Tunduma ni wengi kuliko watu waujuao Tunduma. Dereva wa lori hungoja hapo karatasi zake, mchuuzi hubadili shilingi zake kuwa kwacha, msafiri hushuka katika basi akavuka mpaka kwa miguu. Na wote wakiulizwa habari za mji huo hujibu kwamba ni mahali pa vumbi na magari, hapana mambo ya kale kama Bagamoyo au Kilwa. Hata walimu wengine husema hivyo mbele ya watoto. Basi mtoto aliyezaliwa hapo hukua akidhani ya kuwa historia ni mali ya watu wa pwani, na ya kuwa babu zake walikuwa wakikaa tu, wakingoja barabara ije.

Sisi twaona sivyo. Twaandika maneno haya kwa ajili ya mwalimu au mzee yeyote atakaye kuwaongoza vijana katika matembezi ya nusu siku, tangu asubuhi mapema hata saa saba mchana. Mwendo wa kwanza ni wa miguu. Baadaye yafaa kukodi gari, maana Mbozi si karibu.

Aanze mpakani, kabla malori hayajaanza kunguruma. Awasimamishe vijana kuikabili Nakonde, mji wa Zambia, awaulize: mstari huu aliuchora nani, na lini? Wengi watajibu kwamba umekuwapo siku zote. La. Ulipatanwa huko Berlin tarehe 1 Julai 1890, katika mapatano ya Waingereza na Wadachi, yale yale yaliyoiweka Zanzibar chini ya ulinzi wa Waingereza na kuwapa Wadachi kisiwa kidogo cha Helgoland katika bahari ya kaskazini. Katika mkutano ule hapakuwa na Mnyamwanga hata mmoja, wala Mnyiha, wala mtu mwingine wa nchi hii. Mstari ulifuata mto Songwe kutoka Ziwa Nyasa, kisha ukapita juu ya uwanda wa milima mpaka mto Kalambo karibu na Ziwa Tanganyika. Miaka michache baadaye, mwaka 1898, mabwana wapimaji wa pande zote mbili walikuja kuupima na kuuwekea nguzo, na kazi yao ikakubaliwa na serikali zao mwaka 1901.

(Hapa mwongozi aonye jambo moja. Mito iitwayo Songwe ni miwili. Mmoja huu wa mpakani huingia Ziwa Nyasa. Wa pili hushuka kaskazini ukaingia Ziwa Rukwa. Vijana wengi huichanganya, na vitabu vingine pia.)

Kwa nini mstari ukapita hapa, usipite maili ishirini kaskazini au kusini? Sababu ni njia. Mwaka 1881 tajiri mmoja wa Glasgow, jina lake James Stevenson, alitoa fedha ili itengenezwe barabara kutoka Karonga juu ya Ziwa Nyasa mpaka ncha ya kusini ya Ziwa Tanganyika, mwendo wa maili 200 na zaidi. Alikuwa mkubwa katika kampuni ya biashara ya maziwa, na rafiki wa misheni. Aliona ya kuwa bidhaa zikipita kwa njia njema, biashara ya watumwa itakosa nguvu. Mhandisi wake, James Stewart, alifariki mwaka 1883 kazi ikiwa changa, na barabara haikutimizwa kamwe kama ilivyokusudiwa. Katika sehemu nyingi ilikuwa njia ya wapagazi tu, iliyopanuliwa kidogo. Walakini katika ramani za Ulaya ilionekana kama barabara kuu, na Waingereza wakashikilia kwamba lazima ibaki upande wao. Ndivyo njia ambayo haikumalizika ilivyogawa nchi ya watu ambao hawakuulizwa.

Husemwa mara nyingi kwamba Wazungu waliigawa Afrika kwa rula. Katika sehemu hii maneno hayo ni nusu ya kweli, na mwongozi mwangalifu aseme nusu ya pili. Kando ya Tunduma mpaka wafuata mgongo wa nchi: mvua inyeshayo upande huu hutafuta Ziwa Rukwa, ziwa lisilo na mlango wa kutokea, inyeshayo upande wa pili hushuka kwenye mto Chambeshi, ikaingia katika maji ya Kongo, hata ikafika Bahari ya Atlantiki. Wapimaji waliyagawa maji vizuri. Watu ndio hawakugawanyika vizuri. Wanyamwanga wako huku na huko, lugha moja, ukoo mmoja, mazishi mamoja. Na mwenye kutaka kuliona jambo hilo asitazame ramani, aende sokoni. Humo atasikia Kinyamwanga, Kinyiha, Kibemba na Kiswahili katika kununua debe moja la ulezi. Twashauri vijana wapewe robo saa ya kuwasikiliza akina mama wauzao, wakiisha kuwaamkia kwa adabu. Mama aliyeolewa ng'ambo na kurudi atawaeleza mpaka kuliko sisi.

Ng'ambo ya pili, karibu na Nakonde, ilikuwako ngome ya Waingereza iitwayo Fife, kwa jina la bwana mmoja mkubwa wa kampuni iliyotawala Rhodesia ya Kaskazini mpaka mwaka 1924. Huku kwetu walitawala Wadachi, nao boma lao lilikuwa Tukuyu, mji waliouita Neu Langenburg. Vita vya mwaka 1914 vilipoanza, mpaka huu ukawa mstari wa bunduki. Mizigo ya majeshi ilibebwa vichwani mwa watu, maana hapakuwa na reli, na ng'ombe na farasi walikufa kwa mbung'o. Wanahistoria wakadiria kwamba wapagazi wapata 95,000 wa upande wa Waingereza walikufa katika vita hivyo vya Afrika ya Mashariki, walio wengi kwa njaa na maradhi kuliko kwa risasi. Katika nchi ya Zambia huitwa tenga-tenga hata leo. Mashamba yalikosa wakulima, na mwaka 1918 yakaja mafua makuu yaliyoua watu duniani kote.

Mwisho wa vita ulipita hapa hapa. Jemadari wa Wadachi, Lettow-Vorbeck, alipokuwa akikimbizwa na majeshi makubwa, alizunguka kaskazini ya Ziwa Nyasa, akapita nchi ya Mbozi, na mwanzo wa Novemba 1918 akaishambulia Fife. Hakuiweza. Akaiacha, akaenda Kasama. Vita vilikuwa vimekoma Ulaya tarehe 11 Novemba, naye alikuwa hajui. Habari zilimfikia karibu na mto Chambeshi, akaweka silaha chini huko Abercorn, yaani Mbala, tarehe 25 Novemba. Askari Waafrika waliobaki naye walikuwa zaidi ya 1,100. Majina ya maofisa wake twayapata vitabuni. Majina ya waliobeba mizigo yao hatuyapati ila katika vinywa vya wajukuu, na hao nao wanazeeka. Kijana mwenye babu au bibi wa miaka themanini afanye haraka.

Jambo jingine la ng'ambo halikosi kutajwa, hasa mbele ya walimu. Si mbali na mpaka pana Mwenzo, misheni ya Waskoti waliotoka Livingstonia, iliyoanzishwa kati ya Wanyamwanga mwishoni mwa karne ya 19. Mwaka 1912 walimu wachache wa shule za misheni walifanya chama pale, mmojawapo Donald Siwale, mwingine David Kaunda. Hawakuwa watu wa ghasia. Walikutana, wakazungumza habari za watu wao, wakaandika kwa serikali kwa maneno ya heshima. Vita vikakivunja chama chao. Wakakiamsha tena mwaka 1923, wakalalamikia uzito wa kodi. Hakikudumu miaka mingi. Lakini wanahistoria wa Zambia wakitafuta chanzo cha siasa ya nchi yao, hurudi Mwenzo, kwa walimu wale na kalamu zao. Na huyo David Kaunda alizaa mwana mwaka 1924, Kenneth, aliyekuwa rais wa kwanza wa Zambia tangu 1964 hata 1991.

Jina hilo latupeleka kwenye stesheni ya Tunduma, maana reli hii ni kazi ya Kenneth Kaunda na Mwalimu Nyerere. Tarehe 11 Novemba 1965 walowezi wa Rhodesia ya Kusini walijitangazia uhuru wao wenyewe, na Zambia, isiyo na bahari, ikajikuta njia yake ya shaba na ya mafuta imo mikononi mwa adui. Ilikuwako barabara ya kuja Dar es Salaam, lakini mbaya. Madereva waliiita Njia ya Jehanamu, na wakati wa mvua walistahili kuiita hivyo. Ndipo yakaja mambo matatu moja baada ya moja. Bomba la mafuta la kilometa 1,710, kutoka Dar es Salaam mpaka Ndola, lilifunguliwa mwaka 1968. Barabara ya lami ikajengwa. Nchi za magharibi zilisema reli haitaleta faida. China ikatoa mkopo usio na riba, kazi ikaanza mwaka 1970, na mwezi wa Agosti 1973 vyuma vya reli vikafika mpaka wa Tunduma. Reli yote ni kilometa 1,860 hata Kapiri Mposhi, ikakabidhiwa mwaka 1976. Mwongozi awaonyeshe vijana upana wake: milimita 1,067, sawa na reli za Zambia na za kusini, si kama ile ya kati ya zamani iliyokuwa na mita moja. Ilijengwa iungane na huko, na upana wake wasema hivyo.

Kuhusu mpaka wa siku hizi hatuna mengi. Tangu mwaka 2019 kiko kituo cha pamoja, msafiri hukaguliwa mahali pamoja badala ya pande mbili. Foleni ya malori ya shaba wataiona wenyewe.

Saa nne ikifika, wapande gari kuelekea Mbeya. Nchi hii yote ilikuwa sehemu ya Mkoa wa Mbeya mpaka mwaka 2016, ulipoanzishwa Mkoa wa Songwe, na makao yake ni Vwawa. Hapo wataingia kati ya mashamba ya kahawa ya Wanyiha. Wamoraviani walianza misheni yao Mbozi mwaka 1899, na mmoja wao, Traugott Bachmann, alikaa miaka mingi akijifunza lugha, hata Agano Jipya likapigwa chapa kwa Kinyiha kabla ya vita vya kwanza.

Lakini Wanyiha hawakungoja misheni ili wawe mafundi. Walikuwa wafua chuma mashuhuri. Walijenga matanuri marefu ya udongo, kimo chake kupita kimo cha mtu, yenye matundu chini ya kuingiza hewa. Wakayajaza mkaa na mawe ya chuma, moto ukajivuta wenyewe bila mivukuto. Kisha chuma kile kichafu kiliyeyushwa mara ya pili katika tanuri dogo lenye mivukuto, ndipo mhunzi akakifua. Jembe lililotoka hapo lililimia, likauzwa mbali, likatolewa mahari. Majembe ya bei ndogo kutoka Ulaya yalipofika, kazi hiyo ikafifia katika maisha ya watu wachache tu. Kijana akiona kichuguu chenye vipande vyeusi vizito kando yake, asipige teke kabla hajauliza.

Kisha gari litoke katika barabara kuu, mkono wa kuume, liende mpaka kijiji cha Ndolezi, kwenye mteremko wa kilima cha Marengi. Hapo ndipo kilipo Kimondo. Ni bonge la chuma lililoanguka kutoka mbinguni, urefu wake zaidi ya mita tatu, uzito wake wakadiriwa kuwa tani 16. Katika kila sehemu 100, sehemu 90 ni chuma na karibu 9 ni nikeli. Mpimaji mmoja, W. H. Nott, alikipeleka katika habari za wataalamu mwaka 1930. Wenyeji walikuwa wakikijua tangu zamani. Kilikuwa kimezama nusu ardhini. Wakachimba shimo kukizunguka, wakaacha nguzo ya udongo chini yake na kuijenga imara. Tangu mwaka 1967 kimelindwa kwa sheria. Si kikubwa kuliko vyote, maana kile cha Hoba katika Namibia chapata tani 60, lakini duniani vilivyo vikubwa kama hiki vyahesabika.

Mahali hapa hapana shimo kubwa la kishindo, wala wazee hawana hadithi ya siku kilipoanguka. Kwa hiyo wataalamu hudhani kwamba kilianguka miaka maelfu mengi iliyopita, kabla ya kumbukumbu ya kabila lolote lililoko.

Hapo kijana mwenye akili atauliza, na akikosa kuuliza mwongozi amwulize yeye: wahunzi walitaabika kuchimba mawe, kuchoma mkaa na kukesha kwenye tanuri ili wapate chuma cha majembe machache, mbona hawakukigusa hiki, tani 16 juu ya ardhi? Wengine watajibu kwamba waliogopa. Yawezekana. Lakini sisi twaona mhunzi alikuwa na sababu ya kazi yake. Mawe ya chuma huvunjwa kwa nyundo yakatiwa motoni. Bonge hili halina pembe ya kuvunja, wala hapana tanuri la kulitia zima, na nikeli huifanya chuma kuwa ngumu. Wataalamu wenyewe walipotaka kipande kidogo cha kupima, walikikata kwa msumeno wa chuma saa nyingi. Alama ya kukatwa yaonekana bado. Vijana waiguse, wapime kwa kidole udogo wake, kabla ya kurudi garini.