Ulodi Usiotakwa: Habari za Anthony Wedgwood Benn

Katika dola ya Uingereza, ambako tangu karne na karne daraja ya mtu ilipimwa kwa nasaba yake, wako waliojikurubisha kwa wafalme na mawaziri, na wako hata waliotoa mali zao, ili wapate kuitwa malodi. Lakini Anthony Wedgwood Benn aliupata ulodi pasipo kuutaka, akashindana na Bunge, na mahakama, na ada za kale, kwa muda wa karibu miaka 3, hata akavuliwa.

Ulodi huo wenyewe haukuwa wa zamani. Baba yake, William Wedgwood Benn, aliyepata kuwa Waziri wa mambo ya India, alipewa lakabu ya Viscount Stansgate mwaka 1942, vita vikiwa vimepamba moto, kwa kuwa chama cha Labour kilikuwa na watu wachache mno katika Baraza la Malodi. Kabla ya kukubali, mzee alimshauri mwanawe mkubwa, Michael, ambaye ndiye angerithi. Na kijana huyo, kwa kuwa alinuia kuwa kasisi, hakuona dhara yoyote. Anthony hakuulizwa neno, wala kwa hesabu ya siku zile hapakuwa na haja ya kumwuliza. Mwaka 1944 Michael, aliyekuwa rubani wa jeshi la anga, akafa kwa ajali ya ndege, na habari za msiba zikamfikia mdogo wake akiwa Rhodesia ya Kusini, akijifunza urubani naye.

Mwaka 1950, umri wake ukiwa miaka 25, Anthony alichaguliwa kuwa mbunge wa Bristol Kusini Mashariki, na mwaka 1954 alikuwa miongoni mwa walioasisi, pamoja na mbunge mwenzake Fenner Brockway, jumuiya ya kupigania uhuru wa makoloni. Kwa kuwa aliijua ajali iliyomngoja, mwaka 1955 aliomba Bunge limtungie sheria ya kumwondolea urithi ule, hakusikilizwa.

Tarehe 17 Novemba 1960 mzee akafariki, na saa ile ile mwanawe, ambaye hakuwa ametia sahihi hati yoyote, akawa lodi, na kwa kuwa wakati ule lodi hakuwa na ruhusa ya kuketi katika baraza la wawakilishi wa watu, kiti chake kikatoweka. Aliandika hati ya kuukana ulodi, haikukubaliwa. Spika akawaamuru mabawabu wasimruhusu kuingia. Watu wengi waliiona habari hii kuwa dhulma aliyotendewa Benn; mimi naona waliodhulumiwa hasa ni wale maelfu wa Bristol, mafundi na wafanyakazi, walioambiwa kuwa mauti ya mzee mmoja yamebatilisha kura zao.

Nao wakajibu kwa namna waliyoiweza. Uchaguzi mdogo ulipofanywa tarehe 4 Mei 1961, Benn alisimama tena, ilhali sheria ilisema hawezi, na mshindani wake wa chama cha Conservative, Malcolm St Clair, akawaonya wapiga kura kwamba watakaomchagua Benn watakuwa wametupa kura zao bure. Benn akapata kura 23,275, na St Clair 10,231. Mshindi akaenda hadi mlangoni mwa baraza, na bawabu akamzuia asipite. Shauri likapelekwa mbele ya majaji wawili, Benn akijitetea mwenyewe, nao wakakata hukumu kwamba wapiga kura walikwisha kujua kuwa mtu wao hastahili, kwa hiyo kiti ni cha aliyeshindwa. Ajabu iliyoje, kwamba huyo St Clair naye alikuwa mrithi mtarajiwa wa ulodi! Na hayo yalitukia mwaka ule ule ambao Tanganyika ilijipatia uhuru, na bendera ya Uingereza ikateremshwa Dar es Salaam.

Aibu ilikuwa kubwa, na serikali ikalazimika kuleta mswada wa kuwawezesha malodi wa urithi kuukana ulodi wao. Hapo kwanza ilikusudiwa sheria ianze kutumika baada ya Bunge lile kuvunjwa, lakini malodi wenyewe wakaibadili ianze mara moja. Ilipata idhini ya Malkia jioni ya tarehe 31 Julai 1963, na kabla ya saa moja ya usiku Benn alikuwa amekwisha kutia sahihi, wa kwanza wa wote. St Clair, kwa uungwana unaostahili kukumbukwa, akajiuzulu kama alivyoahidi, na tarehe 20 Agosti Bristol ikamrudisha mtu wake.

Badiliko lile la malodi lilizaa jambo ambalo Benn hakulitazamia: Oktoba ya mwaka ule, Waziri Mkuu Macmillan alipojiuzulu, Earl wa 14 wa Home akawa Waziri Mkuu mahali pake, kisha akaukana ulodi wake kwa sheria ile ile, akajulikana kwa jina la Sir Alec Douglas-Home.

Benn akashika wizara kadhaa chini ya mawaziri wakuu Wilson na Callaghan, akaelemea zaidi upande wa wafanyakazi kila umri ulivyozidi, na mwaka 1981 akakosa unaibu kiongozi wa Labour, akishindwa na Denis Healey kwa tofauti isiyofika asilimia 1. Aliondoka bungeni mwaka 2001, akafariki tarehe 14 Machi 2014. Lakini sheria ya 1963 humvua mtu ulodi kwa muda wa uhai wake tu, haiukati urithi. Basi lakabu ya Stansgate ikamshukia mwanawe mkubwa, Stephen, naye mwaka 2021 akaingia Baraza la Malodi, upande wa Labour.