Pato la Kasisi

Septimus Harding anaingiza pauni 800 kwa mwaka. Josiah Crawley, 130. Amos Barton, mwenye mke na watoto sita, 80. Hao ni makasisi watatu wa riwaya za Kiingereza za kati ya mwaka 1855 na 1867, na waandishi wao hawachelewi kututajia fedha hizo. Tunajua kasisi anakula nini na anadaiwa na nani kabla hatujajua anaamini nini. Wapo walioona huo ni upungufu wa uchaji. Mimi naona ndiyo siri ya uhai wa vitabu hivyo.

Kanisa la Uingereza la wakati huo halikuwalipa makasisi wake kutoka mfuko mmoja. Kila parokia ilikuwa na mali yake: nyumba, ardhi, na zaka ambayo kabla ya sheria ya 1836 iliweza kutozwa kwa mazao na mifugo. Haki ya kumteua kasisi mara nyingi ilikuwa ya bwana shamba mkubwa, na haki hiyo iliuzwa na kununuliwa kama kiwanja. Aliyepata parokia nono aliweza kuishi mbali nayo, akamwachia kasisi msaidizi ibada, ubatizo na mazishi kwa ujira mdogo. Sheria ya 1838 iliwabana walioshika parokia kadhaa kwa pamoja, lakini mwanya kati ya kasisi na kasisi haukuzibika.

Anthony Trollope hakuwa mtu wa kanisani. Alikuwa afisa wa posta aliyezunguka nchi akipanga njia za barua, na alikiri mwenyewe kwamba hakuwahi kukaa katika mji wenye kanisa kuu, isipokuwa London. Mwaka 1852, akitembea jioni mjini Salisbury karibu na kanisa kuu, ndipo wazo la The Warden lilipomjia. Kitabu kilitoka 1855, na kufikia mwisho wa mwaka huo kilikuwa kimemletea pauni 9, shilingi 8 na peni 8.

Msomaji wa Lamu au Unguja hatahitaji kufafanuliwa kisa chake, kwa sababu ni kesi ya wakfu. Tajiri mmoja wa karne ya 15, John Hiram, aliacha ardhi ili wazee 12 maskini watunzwe, pamoja na msimamizi wao. Karne zikapita, ardhi ikapanda thamani, na nyongeza yote ikaingia mfukoni mwa msimamizi. Wazee wakabaki na shilingi moja na peni 4 kwa siku. Kashfa za namna hiyo zilikuwa kweli magazetini: Earl wa Guilford, naye kasisi, alishutumiwa kwa mapato aliyokuwa akiyachuma katika makao ya St Cross, Winchester.

Uzuri wa Trollope ni kwamba msimamizi wake si mwizi. Harding ni mzee mpole anayepiga muziki, na akihangaika vidole vyake hupiga cello asiyokuwa nayo mkononi. Alipoanza kazi aliwaongezea wazee peni 2 kila siku kutoka mfukoni mwake. Anayemshtaki, John Bold, ni kijana mwenye hoja safi, tena anampenda Eleanor, binti wa Harding. Bold anaiacha kesi kwa ajili ya Eleanor, lakini gazeti kubwa limekwisha kuipuliza habari. Harding anajiuliza kama fedha zile ni halali yake, anakosa jibu, anajiuzulu. Wazee walioahidiwa pauni 100 kila mmoja hawapati kitu, na zile peni 2 pia zinakwenda na mwenyewe. Askofu hateui msimamizi mwingine, nyumba inachakaa. Mwenye haki ameshinda na aliyedaiwa kudhulumiwa amepoteza. Sijui riwaya nyingine ya mageuzi yenye ujasiri wa kuliacha jambo hapo.

George Eliot alitoka upande mwingine. Mary Ann Evans, kwa jina lake halisi, aliacha kwenda kanisani mwaka 1842 akagombana na baba yake kwa hilo. Hata hivyo kazi yake ya kwanza ya kubuni, Scenes of Clerical Life, iliyochapishwa mwaka 1857 katika jarida la Blackwood, inahusu makasisi wa vijiji na miji midogo ya Warwickshire. Barton hana kipaji wala sura, na mahubiri yake yanapita juu ya vichwa vya watu. Kijiji kinamsengenya kwa kumkaribisha nyumbani mwanamke mwenye cheo cha mashaka, huku mkewe Milly akishona viraka hadi usiku. Milly anapofariki ndipo majirani wanamwonea Barton huruma, wakaanza kumpenda. Punde mwenye parokia anaitaka nafasi ile kwa ajili ya shemeji yake, na Barton anafunga mizigo. Kasisi John Gwyther, aliyewahi kuhudumu Chilvers Coton, aliyatambua humo maisha yake mwenyewe.

Nje ya Kanisa la serikali mambo yalikuwa na adha yake. Hesabu ya waabudu ya tarehe 30 Machi 1851 ilionyesha kwamba karibu nusu ya mahudhurio yalikuwa katika makanisa mengine. Huko mhubiri alilipwa na waumini, na Margaret Oliphant, mjane aliyelea watoto kwa kalamu, alionyesha maana yake katika Salem Chapel (1863): kijana msomi Arthur Vincent anajikuta akimtegemea Tozer, muuza siagi, ambaye huyapima mahubiri kwa idadi ya viti vilivyolipiwa.

Na wanawake? Mtawala halisi wa Barchester, mji wa kubuni wa riwaya za Trollope, ni Bibi Proudie, mke wa askofu, ambaye hana cheo chochote kanisani na anaamua karibu kila kitu. Katika The Last Chronicle of Barset (1867) anakutana na Crawley, aliyetuhumiwa kuiba hundi ya pauni 20. Crawley amekuja mjini na viatu vyenye matope, na mbele ya askofu anamwambia bibi huyo anyamaze. Trollope anasimulia kwamba aliwasikia makasisi wawili klabuni wakilalamika kuwa wamemchoka Bibi Proudie, akawaahidi kwenda nyumbani kumuua. Akamuua kweli, kitabuni, na baadaye akakiri kwamba alimkosa sana.

Makasisi wa parokia za namna hiyo walifika hata Afrika Mashariki. Mwaka 1857, Barton alipokuwa akisomwa katika Blackwood, David Livingstone alihutubia Cambridge, na kutokana na hotuba hiyo kukaundwa misheni ya vyuo vikuu kwa ajili ya Afrika ya Kati. Askofu wake wa pili, William Tozer, alitoka parokia ya Burgh-le-Marsh katika Lincolnshire, na mwenzake Edward Steere alitoka Little Steeping, kijiji cha jirani. Walifika Unguja mwaka 1864. Steere alianza kujifunza lugha, akaketi na wasimulizi wa mjini, na mwaka 1870 London ikachapisha hadithi zao, Kiswahili ukurasa mmoja na Kiingereza ukurasa wa pili.